Sufu Masikioni mwa Bi Mweupe

Crisólogo Panire hakumwambia mtu isipokuwa mkewe, na hata huyo alimwambia kwa sababu sufu ilikuwa yake. Asubuhi ya Jumanne ya kanivali, wenzake wa zamu walipokuwa wameteremka kijijini kunywa na kupakana unga usoni, yeye alibaki peke yake kule juu, akapanda kwenye kikapu cha winchi, akafunga mashada mawili ya sufu nyekundu kwenye antena. Antena ile ina miguu minne inayoshikilia kioo kidogo mbele ya sahani kubwa. Aliyafunga kwenye miguu miwili ya juu, shada moja huku na jingine huku, mahali ambapo kama angekuwa lama, yule ngamia mdogo wa milimani kwetu, basi ndipo yangekuwa masikio. Akamwaga pombe kidogo kwenye zege, akatupa majani matatu ya koka, akamwambia antena, "Haya mama, na wewe umependeza." Kisha akateremka, maana na yeye alitaka kunywa.

Mwezi wa Februari kituo cha Saireca hufungwa. Mvua za upande wa Bolivia huvuka mlima, hewa hulowa, na antena, ambayo kazi yake ni kusikiliza mawingu ya huko mbinguni, yale meusi ya baridi ambamo nyota huzaliwa, haisikii kitu kwa sababu ya haya mawingu yetu ya kawaida. Kwa hiyo ndio mwezi wa matengenezo, na matengenezo yalikuwa ya Crisólogo. Alikuwa fundi wa pale kwa miaka ishirini na mitatu. Boliti zote alizijua, na yeye ndiye aliyempa antena jina la Bi Mweupe, hadi wanasayansi wenyewe wakasahau namba yake.

Mwaka uliotangulia ulikuwa wa balaa. Pampu ya kupoza kipokezi ilikufa mara tatu. Jenereta liliungua. Mwezi Agosti upepo uling'oa mlango wa chumba cha nyaya ukaenda nao, na mpaka leo mlango huo haujulikani uliko. Wahandisi waliandika ripoti kwa kila tukio. Crisólogo alikuwa na jibu moja tu, na hakuliandika popote: mnyama amekaa zizini miaka ishirini na mitatu, hajavishwa ua hata siku moja, mnategemea nini? Kwetu Puritaco hata lama kilema huvishwa ua la sufu sikioni kila kanivali. Asiyevishwa ni yule ambaye hana mtu.

Sufu yenyewe Eduvina, mkewe, aliinunua kwa mchuuzi wa Kibolivia katika soko la Calama. Kwa kanivali hiyo alitaka kuwatia wivu majirani, akachagua ile iliyosokotwa pamoja na uzi mwembamba wa kung'aa kama fedha. Lama wake walimeremeta mpaka watu wakafumba macho. Iliyobaki akampa mumewe.

Machi hewa ikakauka, kituo kikafunguliwa, na Daktari Anselmo Urrejola akapanda mlima kwa mara yake ya mwisho.

Huyu Daktari, wa nyota si wa wagonjwa, alikuwa mtu wa kusini, kule kwenye mvua na misitu, mrefu, mwembamba, mkaidi, miaka sitini na tisa. Mwisho wa mwezi alikuwa anastaafu. Hakuwa na mke wala mtoto. Alikuwa na wingu. Kwa miaka kumi na minne alikuwa akilitazama donge moja dogo ndani ya lile giza refu la angani ambalo sisi tunaliita Lama Jike, pale chini ya tumbo ambapo mtoto wake ananyonya. Daktari alikuwa na namba ndefu ya donge hilo. Crisólogo alimwambia, siku ya kwanza kabisa, kwamba pale ni kwenye kitovu cha mtoto, na tangu hapo likaitwa Kitovu. Daktari alikuwa anangoja jambo moja tu, kwamba donge lile lianze kujikunja na kuwa nyota.

Urafiki wao ulianza Daktari alipozimia kwa kukosa hewa mita elfu tano juu, Crisólogo akambeba mgongoni mpaka kwenye gari huku akimtukana kwa kukataa mrija wa oksijeni. Wakapendana hivyo hivyo, kwa kutukanana.

"Don Criso, lama wako wamezaa?" Daktari aliuliza aliposhuka kwenye gari, kama alivyouliza kila mwaka.

"Saba, na mmoja bado anajivuta. Na wako?"

"Wangu tasa."

"Si tasa. Ana aibu. Unamkodolea macho miaka kumi na minne, wewe ungezaa?"

Wakacheka, wakashikana mabega wakaingia kunywa chai. Crisólogo alicheka zaidi kidogo ya ilivyostahili, kwa sababu tangu kanivali alikuwa akiifikiria siku ya kuagana. Alijua wanasayansi wanavyoondoka. Huahidi kuandika, huandika mara moja wakati wa Krismasi, halafu basi. Na huyu hakuwa mwanasayansi tu.

Siku ya nne Daktari alitoka mbio katika kibanda cha kompyuta, pale juu ambapo hata kutembea ni kazi, akamshika Crisólogo koti kwa mikono miwili.

"Njoo uone! Njoo, njoo, acha hiyo grisi!"

Kwenye kioo cha kompyuta palikuwa na mstari wenye kilima kimoja katikati. Crisólogo alikuwa amekiona kilima hicho mara mia, chembamba, kimesimama wima kama kichuguu. Sasa miguu ya kilima ilikuwa imetanuka pande zote mbili.

"Unaona haya? Mabawa haya?" Sauti ya Daktari ilitetemeka. "Nyota inapoanza kujikusanya hutema gesi, huku na huku, kwa kasi. Ndiyo pumzi yake ya kwanza. Don Criso, anazaliwa. Anazaliwa na mimi nipo!"

Akalia waziwazi, bila kuficha, machozi yakilowesha mrija wa oksijeni. Crisólogo naye akalia. Siku hiyo hiyo Daktari aliwaandikia wenzake saba wa nchi za mbali, na mkurugenzi, Bi Paulina Ossandón, akapiga simu kutoka mji mkuu kusema Ijumaa wataita waandishi wa habari. Ilikuwa Jumatatu.

Jumanne Crisólogo alikaa kibandani karibu na dirisha, kikombe mkononi, kwa raha tu. Kitovu huchomoza usiku na huzama kabla ya saa saba mchana, kwa hiyo kadiri asubuhi inavyokwenda ndivyo sahani inavyoinama kukifuata, mpaka inakaribia kulielekea dirisha uso kwa uso. Daktari alikuwa amelipa dirisha mgongo, macho kwenye kompyuta. Asubuhi hiyo upepo ulianza saa nne kama kawaida. Crisólogo aliyaona mashada yake kwa mbali yakianza kucheza, akafurahi kuyaona. Akageuka kutazama kompyuta. Mabawa yalikuwa yanapanda.

Upepo ukatulia kidogo. Mashada yakalala. Mabawa yakashuka.

Akaweka kikombe chini. Alihesabu upepo mara sita, jicho moja nje, jicho moja ndani. Mara ya sita hakuhitaji tena kutazama ndani. Alikuwa fundi, alijua kitu cha chuma kikiwekwa mbele ya redio kinafanya nini, na sasa akaukumbuka ule uzi wa kung'aa. Sufu peke yake isingeleta neno. Ule uzi ulikuwa bati tupu.

"Mbona umenyamaza?" Daktari aliuliza bila kugeuka.

"Tumbo," alisema Crisólogo.

Njia nzima ya kuteremka kambini walikolala Daktari aliimba. Crisólogo aliendesha gari kama amebeba mayai. Walipofika akaenda nyuma ya stoo, akampigia mkewe.

"Eduvina, ule uzi wako wa fedha."

"Umefanyaje?"

Akamweleza. Upande wa pili kikaja kicheko, kikakatika alipoelewa.

"Kwa hiyo hakuna mtoto?"

"Hakuna. Ni sufu yetu inapigwa na upepo."

"Ee Mama wa Guadalupe! Na yule mzee ameshawaambia watu?"

"Saba, wa ng'ambo. Na Ijumaa magazeti. Nimefikiria kitu. Kesho alfajiri napanda mwenyewe, nayafungua. Hakuna aliyeyaona yakiwekwa, hakuna atakayeyaona yakitolewa."

"Halafu?"

"Halafu mabawa yanaondoka."

"Yanaondoka yeye akiwa ameshasimama mbele ya magazeti kusema mtoto amezaliwa! Wewe mzee, una akili kweli? Wamcheke hadi kaburini, na wewe ukae hapa unakunywa chai?" Akavuta pumzi. "Na tena unamvua mnyama ua? Wewe? Kwenu walikufundisha hivyo?"

"Sasa nifanye nini, Eduvina? Nikimwambia, ndio mwisho wetu. Amebakiza wiki mbili. Ataondoka amenichukia."

"Basi akuchukie," alisema mkewe, na sauti yake ikalegea. "Bora akuchukie akiwa na heshima yake. Nenda sasa hivi, kabla hujatafuta sababu. Na mwambie uzi nilinunua mimi."

Alimkuta Daktari katika chumba cha chakula mbele ya bakuli la patasca, anapuliza supu huku anatabasamu peke yake. Crisólogo hakukaa. Alisema yote akiwa amesimama, kofia mkononi, kwa mpangilio: kanivali, winchi, masikio, uzi, upepo mara sita.

Kwanza Daktari alicheka, akidhani ni utani wao wa kawaida. Kisha akaacha. Uso ukamshuka taratibu, na Crisólogo akaona jinsi akili ile kubwa ilivyokuwa inapiga hesabu na kufika palepale.

"Mawimbi yanagonga uzi," Daktari alisema kwa sauti ndogo, "yanarudi, yanagonga tena."

"Ndiyo."

"Miaka kumi na minne, don Crisólogo." Alimtaja jina zima. Akasimama, kijiko bado mkononi. "Miaka kumi na minne! Ninyi na sufu zenu!"

Akatoka, akaacha supu. Watu wa meza nyingine walitazama mabakuli yao. Crisólogo aliketi, akalivuta lile bakuli la rafiki yake, akaliangalia hadi likaganda mafuta. Neno lililomchoma halikuwa miaka kumi na minne. Lilikuwa ni lile "ninyi." Miaka yote ile hakuwa amelisikia kinywani mwa mtu yule.

Usiku hakulala. Alfajiri alikwenda kwenye gari akitegemea kupanda peke yake, akamkuta Daktari ameketi kiti cha mbele, kofia ngumu kichwani, imegeuzwa mbele nyuma. Hawakusalimiana. Walipanda kona zote arobaini, jua likawakuta njiani.

Chini ya antena Daktari alisema, "Winchi inabeba watu wawili?"

"Hairuhusiwi."

"Nimekuuliza inabeba?"

"Inabeba."

Wakapanda. Kikapu kiliyumba, Daktari akafumba macho, akamshika Crisólogo mkanda. Walipofikia shada la kwanza likiwa limetulia kwenye baridi, jekundu, na uzi wake unametameta, Crisólogo alitoa kisu, kisha mkono ukagoma.

"Nini tena?"

"Huku kwetu hatuvui," alisema. "Ua hudondoka lenyewe. Kumvua mnyama ni kumfukuza zizini."

Daktari aliligusa shada kwa kidole. "Kuna maneno ya kusema?"

"Ya kuvisha yapo. Ya kuvua hakuna, maana hakuna aliyewahi kuvua."

"Kwa hiyo tunabuni."

Daktari akavua kofia, upara wake ukapigwa na baridi. Akauweka mkono kwenye chuma cheupe. "Bi Mweupe, utusamehe. Hatukufukuzi. Huyu alikupamba kwa kukupenda, na mimi ninakuvua kwa sababu nina masikio mabovu, nasikia ninachotaka." Akaongeza, huku bado anakitazama kile chuma, "Na lile neno la jana. Nimelirudisha."

"Limeshaingia, Daktari."

"Najua limeingia. Nasema tu nimelirudisha."

Crisólogo akakata. Shada la pili alikata Daktari, vibaya, akajichana kidole.

Waliketi kibandani hadi saa saba. Saa nne upepo ukaja kwa nguvu zote, ukapiga bati la paa, ukarusha changarawe. Kilima kilibaki kimesimama wima, miguu imebana. Kila nusu saa Daktari aliisogeza antena pembeni, kwenye anga tupu lisilo na kitu, kisha akairudisha kwenye Kitovu. Anga tupu likawa tupu kweli. Saa sita akaacha kuisogeza.

"Hajazaliwa," alisema.

"Hajazaliwa," Crisólogo aliitikia, na ilimuuma kana kwamba ni yeye aliyemuua.

"Unajua nimefundisha vijana wangapi? Zaidi ya arobaini. Na kila mmoja nimemwambia: kabla hujamwamini mtoto, tazama pembeni, uone kama pembeni nako hakulii mtoto. Ni kazi ya dakika ishirini. Jumatatu sikuifanya." Alijipangusa pua kwa mkono wa koti. "Niliogopa, don Criso. Nilitaka azaliwe nikiwapo. Sufu yako isingefika popote bila uoga wangu."

Akampigia mkurugenzi papo hapo, sauti ikiwa wazi chumbani. Bi Paulina Ossandón alisikiliza hadi mwisho. Hakuwa mtu mbaya, lakini alikuwa ameshaagiza viti vya waandishi.

"Sufu," alisema.

"Sufu yenye uzi wa chuma. Kosa ni langu, sikufanya kipimo cha pembeni. Leo ninawaandikia wote saba."

"Na aliyeifunga ni nani?"

Daktari akafungua kinywa, lakini Crisólogo alimtangulia. Alisogea karibu na simu kama anavyosogea mtu mbele ya padri.

"Ni mimi, bibi mkurugenzi. Panire, fundi."

"Don Crisólogo? Nani alikupa ruhusa?"

"Hakuna. Na hilo ndilo kosa langu la pili, tena hilo kwetu ndilo kubwa. Mnyama wa mtu havishwi na mtu mwingine. Ua anavisha mwenyewe, kwa mkono wake; asipokuwepo, mnyama hukaa hivyo hivyo mpaka arudi. Mimi nimemtunza miaka ishirini na mitatu, nikajisahau nikaona ni wangu."

Daktari alikuwa anamtazama rafiki yake kwa jinsi ambavyo hakuwahi kumtazama.

"Utapata barua ya onyo," Bi Paulina alisema mwishowe. "Na winchi hutaigusa mpaka Juni." Akasita. "Na viti nitavifuta. Daktari, pole sana."

Barua ya onyo ilikuja kwa gari la mboga. Eduvina aliisoma, akaitia kwenye droo ya vyeti vya ubatizo, akasema angalau wamepatia herufi za jina. Wale saba wa ng'ambo walijibu wote. Watano walikuwa na visa vyao wenyewe vya aibu, mmoja kuhusu popo, na Daktari alivisoma kwa sauti wakati wa chakula mpaka watu wakashika mbavu. Lakini siku zake za kazi zikaisha bila mtoto. Crisólogo alimsaidia kufunga vitabu kwenye maboksi, na kila boksi alilolifunga kwa kamba alihisi anafunga kitu kingine.

Jumapili ya mwisho gari la kwenda uwanja wa ndege lilisimama Puritaco ili Daktari aage. Alikunywa chai, akala mkate wa majivuni, akasifu kila kitu kwa adabu ya mtu anayeondoka.

"Nitaandika," alisema.

"Haya," alisema Crisólogo.

"Kweli nitaandika."

"Nimesikia, Daktari."

Eduvina alikuwa ametoka bila kuaga. Alirudi kutoka zizini akimburuta mtoto wa lama wa siku tano, jike, jeusi lote isipokuwa miguu ya mbele, linalia kama mlango usiotiwa mafuta. Ndiye yule wa nane aliyekuwa anajivuta.

"Daktari, una mnyama wewe?"

"Mimi, doña Eduvina? Hata paka sina."

"Basi huyu ni wako."

Daktari alicheka. "Nitamweka wapi? Ninakaa ghorofa ya nne."

"Nani amekwambia umpeleke? Atakaa hapa na mama yake. Majani atakula yetu, chumvi yetu, akiugua atatibiwa na huyu mzee hapa, winchi yenyewe haigusi mpaka Juni."

"Asante sana," alisema Daktari, na ilionekana amechukulia kuwa ni maneno mazuri ya kuagana. "Mnitunzie basi."

"Kumtunza tutamtunza. Kumvisha, hapana."

"Si yupo don Criso, yeye…"

"Huyu? Huyu ameshavisha mnyama wa watu mara moja, na tumeona yaliyotokea." Eduvina alimwachia kamba mkononi. "Kanivali ijayo wenzake wote watakuwa na maua. Usipokuja, huyu wako atazunguka na masikio matupu katikati yao, na kijiji kizima kitauliza hana mtu? Mimi nitawajibu nini?"

Dereva alipiga honi. Daktari hakusikia. Alikuwa amepiga goti kwenye vumbi na suruali yake ya safari, mtoto wa lama anamnusa sikio, na mabega yake yalikuwa yanatikisika. Crisólogo alitazama upande wa mlimani, kumpa nafasi, kisha akaona upuuzi wa kujificha, akaenda akapiga goti karibu naye.

"Sufu nitanunua wapi?" Daktari aliuliza.

"Nitakununulia mimi," alisema Eduvina. "Ya kawaida."

"Na kanivali ya mwakani inaangukia tarehe ngapi?"

Crisólogo alikuwa ameshaitafuta nyuma ya kalenda ya duka, palipochapwa mwaka ujao, tangu Jumatano mtoto huyo alipozaliwa, akaizungushia duara kwa kalamu. Akajifanya anahesabu kwa vidole, mara mbili, kisha akamtajia. Daktari aliiandika kiganjani, maana madaftari yote yalikuwa ndani ya maboksi.